Mkopo wa Nyumba Kenya: Benki, KMRC, Sacco au Benki ya Kiislamu?

Chukua mkopo wa nyumba wa shilingi milioni 5, riba asilimia 15 kwa mwaka, muda wa miaka 20. Mwisho wa mwezi wa kwanza utalipa takriban 65,840. Kati ya hizo, 62,500 ni riba tupu. Kinachopunguza deni ni 3,340. Hapo hakuna wizi wala ujanja wa mtu: riba hutozwa juu ya deni lililobaki, na mwezi wa kwanza deni lote lingalipo.

Wengi wanaotafuta nyumba hulinganisha vitu viwili, bei ya nyumba na rejesho la mwezi. Mimi naona vyote viwili ni vipimo dhaifu. Bei ni ya siku moja, na rejesho linaweza kupunguzwa kila mara kwa kuongeza miaka. Swali linalofichua gharama halisi ni hili: baada ya miaka mitano ya kulipa, bado nitakuwa nadaiwa kiasi gani? Maisha hayangoji mwaka wa 20. Watu huhamishwa kikazi, huachana, hufutwa kazi, hupata mtoto wa nne, na siku hiyo kinachohesabiwa ni salio.

Hapa chini nimezilinganisha njia nne ambazo Mkenya wa kipato cha kati huzigonga kabla ya kuamua: mkopo wa kawaida wa benki wenye riba inayopandashuka, mkopo wa nafuu unaofadhiliwa na KMRC (kampuni ya kufadhili mikopo ya nyumba), mkopo wa Sacco (chama cha kuweka akiba na kukopa), na njia ya benki za Kiislamu. Nyumba ya mfano ni moja, tuseme ya vyumba viwili pale Athi River au Mtwapa, bei milioni 6, nawe una milioni 1 mkononi. Unakopa milioni 5.

Vipimo

Kila njia nitaiuliza mambo matano. Jumla: hadi deni liishe, zimetoka pesa ngapi? Mwezi: rejesho linaubana mshahara kiasi gani? Hatari: riba ikipanda nchini, nani anaumia? Kuingia: kabla ya kupewa ufunguo unatoa nini? Kutoka: ukitaka kuuza, kumaliza deni mapema, au ukishindwa kulipa, inakuwaje?

Tarakimu zenyewe nimezikokotoa kwa riba za mfano. Ya kwako itatofautiana.

| | Benki, 15%, miaka 20 | KMRC, 9.5%, miaka 20 | Sacco, 12%, miaka 6 |
|---|---|---|---|
| Rejesho kwa mwezi | 65,840 | 46,600 | 97,750 |
| Jumla ya marejesho | milioni 15.8 | milioni 11.2 | milioni 7.0 |
| Deni baada ya miaka 5 | milioni 4.70 | milioni 4.46 | milioni 1.10 |
| Jumla kwa thamani ya shilingi ya leo | milioni 10.0 | milioni 7.1 | milioni 6.1 |

Mstari wa mwisho husahaulika sana, nao ndio unaoleta haki katika ulinganisho huu. Benki Kuu ya Kenya hulenga mfumuko wa bei wa asilimia 5, ikiruhusu upungufu au ziada ya pointi 2.5. Kwa kasi hiyo ya asilimia 5, rejesho la 65,840 utakalolipa mwaka wa 20 litakuwa na nguvu ya kununua sawa na kama 24,800 za leo. Kwa hiyo anayekuambia "utalipa nyumba tatu upate moja" amesema kweli kwa tarakimu, ila ametia chumvi kwa thamani. Pengo lipo, lakini si pana kama linavyotangazwa kwenye vikundi vya WhatsApp.

Njia ya Kiislamu sikuiweka kwenye jedwali kwa sababu haihesabiwi kwa riba. Nitaifikia.

Mkopo wa benki, riba inayopandashuka

*Jumla.* Milioni 15.8, ikiwa riba itakaa palepale miaka yote 20, jambo ambalo halitatokea. Hapa ndipo muda unaponunuliwa kwa bei ya juu ajabu. Ukiongeza miaka kutoka 20 hadi 25, rejesho hushuka kwa takriban 1,800 tu kwa mwezi, lakini jumla hupanda kwa milioni 3.4. Ukipunguza hadi miaka 15, unaongeza kama 4,140 kwa mwezi na kuokoa milioni 3.2. Afisa wa mikopo akikuambia "tukuwekee 25 upumue", mwombe akuonyeshe hesabu zote mbili kwenye skrini.

*Mwezi.* Shilingi 65,840 si mchezo, na benki nyingi hazitaki marejesho yako yote yapite nusu ya mapato. Nafuu iko kwenye ushuru. Anayeishi mwenyewe katika nyumba aliyoikopea anaruhusiwa kuondoa riba ya hadi 30,000 kwa mwezi kwenye mapato yanayotozwa ushuru. Kikomo kilikuwa 25,000 hadi sheria ilipobadilishwa Desemba 2024. Kwa anayekatwa asilimia 30, hiyo ni 9,000 zinazobaki mfukoni kila mwezi. Kuna watu wanalipa mkopo miaka na hawajawahi kuidai. Peleka cheti cha riba kutoka benki kwa mwajiri, au uidai mwenyewe unapowasilisha ritani kwa KRA.

*Hatari.* Ni yako, yote. Mapema mwaka 2022 riba ya msingi ya Benki Kuu ilikuwa asilimia 7. Februari 2024 ilifika 13. Aliyekopa katikati ya utulivu aliamkia ujumbe wa simu kwamba rejesho limepanda. Riba ya mfano wetu ikitoka 15 hadi 18 mwanzoni mwa mkopo, rejesho huruka hadi kama 77,170. Kuna benki zitakazokupa chaguo la kubakisha rejesho lilelile na kurefusha muda, lakini angalia: kwa asilimia 18, riba ya mwezi mmoja juu ya milioni 5 ni 75,000. Ukiendelea kulipa 65,840, deni halipungui hata kidogo, linanenepa. Hakuna muda utakaotosha kulimaliza.

Mwaka 2025 Benki Kuu iliagiza mikopo ya riba inayopandashuka ipangwe kwa kufuata kigezo cha soko kiitwacho KESONIA (wastani wa riba ambayo benki hukopeshana kwa usiku mmoja), kisha benki iongeze sehemu yake, inayoitwa K, kulingana na gharama zake na inavyokuona wewe kama mkopaji. KESONIA ni moja kwa wote. Kinachotofautiana kati ya benki na benki, na kati yako na jirani, ni K, kwa hiyo ndiyo ya kuuliza na kupigania.

*Kuingia.* Mbali na ile milioni 1 ya mwanzo, kuna ushuru wa stempu, asilimia 4 ya thamani mijini na 2 mashambani. Kwa nyumba yetu ya mjini ni 240,000. Halafu wakili wako, wakili wa benki (unamlipa wewe, ingawa anaitetea benki), mthamini, ada ya kushughulikia mkopo, bima ya maisha ya kulinda deni na bima ya moto. Weka nusu milioni kando. Wanaoshindwa hapa hawashindwi na rejesho, wanashindwa na wiki mbili za mwisho kabla ya kutia sahihi, wakaenda kukopa kwa simu ili wamlipe wakili.

*Kutoka.* Tuseme umeuza baada ya miaka mitano, na bei ya nyumba haikupanda. Umelipa milioni 3.95, deni limepungua kwa 296,000 tu. Ukiuza kwa milioni 6 na kumaliza deni, unabaki na milioni 1.3. Jumlisha ulichotoa, pamoja na malipo ya kuingilia, uondoe hiyo milioni 1.3, ugawe kwa miezi 60: umeishi humo kwa gharama ya karibu 69,000 kwa mwezi, kabla ya nafuu ya ushuru. Mpangaji wa ghorofa ya juu, nyumba ileile, huenda alilipa nusu yake. Lakini bei ikiwa imepanda hadi milioni 8, hesabu inageuka na wewe ndiye mjanja. Hiyo ndiyo bahati nasibu ya miaka ya mwanzo.

Upande mzuri ni huu: ukiweza kuongeza kidogo, mkopo mrefu hukatika haraka. Elfu 5 za ziada kila mwezi tangu mwanzo humaliza deni kwa miaka 14 na miezi kadhaa, na huokoa takriban milioni 3.6. Hakikisha tu zinaandikwa kama malipo ya kupunguza deni, si kukaa kwenye akaunti zikingoja rejesho la mwezi ujao.

Ukishindwa kulipa, Sheria ya Ardhi ya 2012 haimruhusu mkopeshaji kukuvamia. Kuna notisi ya miezi mitatu ya kurekebisha, notisi ya siku 40 ya kusudio la kuuza, na dalali naye lazima akupe siku 45 za kulipa kabla ya mnada. Nyumba ya ndoa haiwekwi rehani bila idhini ya mume au mke. Na hapa niondoe kosa moja linalorudiwa sana: kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki kinachozuia riba kupita deni hufanya kazi mkopo ukishaharibika. Hakimsaidii anayelipa vizuri. Milioni 10.8 za riba katika mfano wetu ni halali kabisa.

*Inamfaa* mwenye mshahara wa uhakika unaoelekea kupanda, anayetaka nyumba ya bei iliyo juu ya kikomo cha KMRC, na anayekusudia kulipa zaidi ya anavyodaiwa.

Mkopo wa nafuu kupitia KMRC

KMRC, iliyoundwa mwaka 2018 na kupewa leseni na Benki Kuu 2020, haikopeshi mtu mmoja mmoja. Huzikopesha benki na Sacco wanachama kwa asilimia 5, nazo hutukopesha sisi kwa riba ya tarakimu moja, aghalabu 9 na nusu hivi.

*Jumla.* Milioni 11.2 kwa miaka ileile 20. Tofauti na benki ya kawaida ni milioni 4.6, kwa nyumba ileile, saruji ileile.

*Mwezi.* 46,600. Katika rejesho la kwanza, 7,020 zinaingia kwenye deni, zaidi ya mara mbili ya mfano wa kwanza.

*Hatari.* Riba haibadiliki, na kwa maoni yangu hilo lina thamani kuliko hata riba yenyewe kuwa ndogo, kwa sababu unaweza kupanga karo ya shule ukijua mwaka wa nane utalipa nini. Soma mkataba, lakini. Tafuta kama riba imefungwa kwa muda wote au kwa miaka michache ya mwanzo.

*Kuingia.* Hapa ndipo mlango ulipo mwembamba. Mkopo una kikomo. Ulipoanza ulikuwa milioni 4 kwa Nairobi, Kiambu, Machakos na Kajiado, na milioni 3 kwingineko, kisha kikapandishwa. Hatimiliki lazima iwe safi, na nyumba nyingi za bei hiyo ziko kwenye ploti ambazo hati yake bado ni ya kampuni ya ardhi au ya kikundi. Gharama za wakili na mthamini ni zilezile. Ushuru wa stempu pia, isipokuwa kwa anayenunua nyumba yake ya kwanza chini ya mpango wa serikali wa nyumba za bei nafuu, ambaye amesamehewa.

*Kutoka.* Baada ya miaka mitano unadaiwa milioni 4.46. Ukiuza bila faida, umeishi kwa takriban 46,000 kwa mwezi. Bado si rahisi, ila huumii vile. Kinga za sheria ukikwama ni zilezile.

*Inamfaa* mnunuzi wa nyumba ya kwanza mwenye kipato cha wastani. Akikubaliwa, sioni sababu ya kutazama riba ya 15. Tatizo ni kukubaliwa.

Sacco

*Jumla.* Milioni 7. Asilimia moja kwa mwezi juu ya salio, miaka sita, na hamna njia ya mkopo mrefu inayokaribia hapo. Ila usiisahau ile akiba: wengi hukopesha hadi mara tatu ya akiba yako, kwa hiyo milioni 5 inataka uwe na takriban milioni 1.67 ambazo huzigusi hadi umalize. Zinaendelea kupata riba ya mwaka, sawa, lakini ni pesa zilizofungwa.

*Mwezi.* 97,750. Hapa ndipo wengi huishia. Kwa anayepata 150,000 kabla ya makato, hii haipiti.

*Hatari.* Riba ya Sacco hubadilika polepole. Hatari ya kweli iko kwa watu: wadhamini. Ukikwama, akiba yako ikishaliwa, inayofuata ni ya mwalimu mwenzako au binamu yako aliyekudhamini, na deni la benki halijawahi kuvunja undugu kama linavyouvunja hilo.

*Kuingia.* Miaka ya kuweka akiba kabla. Ada ni chache.

*Kutoka.* Mwaka wa tano deni ni milioni 1.1. Uko huru kuliko wote.

Wengi hawakopi milioni 5 kwa mpigo. Hununua ploti Kitengela au Ruai kwa mkopo mmoja, wanamaliza, wanakopa tena msingi, tena kuta. Riba ni ndogo kila awamu, lakini njia hii ina gharama isiyoandikwa popote: kodi unayoendelea kulipa wakati nyumba inapanda. Elfu 30 za kodi kwa miaka sita ni zaidi ya milioni 2.1. Ongeza bei ya vyuma inayobadilika, fundi aliyehamia kazi nyingine, mchanga ulioibwa usiku. Pita barabara ya Kangundo utaona nondo zenye kutu zimechomoza juu ya slabu, zikingoja mkopo wa awamu ijayo. Mara nyingine deni liliisha zamani, nguvu za kukopa tena ndizo zilizokwisha. Hata hivyo kwa mwenye nidhamu, na fundi anayemwamini, ndiyo nyumba ya bei ya chini kuliko zote.

*Inamfaa* mwanachama wa miaka mingi, wanandoa wenye mishahara miwili, na asiye na haraka.

Benki ya Kiislamu

Tangu Gulf African Bank ifungue milango mwaka 2008, njia hii imekuwa ya kawaida Mombasa na Nairobi, na wateja wake si Waislamu peke yao. Mipango mikuu ni miwili. Katika murabaha, benki inanunua nyumba na kukuuzia kwa bei ya juu iliyotajwa wazi, unalipa kwa awamu. Katika musharaka inayopungua, mnainunua pamoja. Wewe unalipa kodi ya sehemu ya benki huku ukiinunua kidogo kidogo hadi iwe yako yote.

*Jumla.* Usitarajie iwe rahisi kwa sababu haina riba. Benki hizi zinashindana katika soko lilelile, na faida zao huelekea kukaribia riba za wengine. Kilicho bora ni uwazi wa murabaha: bei ya mwisho unaijua siku ya kwanza, kwa shilingi, na haiongezeki.

*Mwezi.* Murabaha huwa na muda mfupi, hivyo awamu ni nzito. Musharaka huenda mbali zaidi.

*Hatari.* Murabaha, haipo. Musharaka, kodi hupitiwa upya kila baada ya kipindi, kwa hiyo inaweza kupanda. Uliza kipindi ni kipi na kigezo ni nini.

*Kuingia.* Gharama za wakili na uthamini zipo. Kwa sababu umiliki unapita mikononi mwa benki au unagawanywa, muulize wakili ushuru wa stempu unalipwa vipi na mara ngapi.

*Kutoka.* Kuchelewa kulipa hakuizidishii benki faida. Faini, ikiwepo, hupelekwa kwenye sadaka. Kumaliza mapema katika murabaha hakukupi punguzo moja kwa moja; ni hisani ya benki, hivyo itaje kwenye barua kabla hujatia sahihi.

*Inamfaa* asiyetaka riba kwa imani yake, bila shaka, na pia mfanyabiashara anayetaka bei moja isiyoyumba.

Ukiwa katika hali hii

Kama huna uhakika utakaa mji huu miaka saba au zaidi, kaa nyumba ya kupanga. Miaka mitano ya mkopo mrefu ni karibu riba tupu, na hutapata muda wa kuvuna.

Kama una kazi ya kudumu, mshahara chini ya 200,000, na nyumba ni ya kwanza, anza na KMRC. Uliza benki mbili na Sacco moja, kwa sababu kila taasisi ina masharti yake juu ya fedha zilezile.

Kama mapato yako hupanda na kushuka, duka, matatu, kilimo, epuka riba inayopandashuka hata ikianza chini. Mapato yanayoyumba na rejesho linaloyumba havikai nyumba moja. Mkopo mfupi wa Sacco baada ya msimu mzuri, au murabaha, ni salama zaidi.

Kama mko wawili na mishahara yote miwili ni ya uhakika, jaribuni hivi kabla ya kusaini chochote: kwa miezi sita, wekeni kando tofauti kati ya kodi mnayolipa sasa na rejesho linalotajwa. Mkiishi hivyo bila kukopa kwa simu, mnaweza kubeba mkopo wa miaka 15 badala ya 25.

Kama tayari una mkopo wa benki na unasoma haya mwaka wa pili au wa tatu, hujachelewa. Omba taarifa ya deni, angalia salio, kisha uliza mambo mawili: K yangu ni ngapi, na ni nini gharama ya kuhamisha mkopo kwa taasisi yenye riba isiyobadilika. Kuhamisha kunamaanisha wakili tena, uthamini tena na kusajili rehani upya, lakini kwa tofauti ya pointi tatu au nne na miaka 17 mbele yako, gharama hizo hurudi mapema.

Na kwa yeyote kati ya hawa: usikubali karatasi yenye rejesho la mwezi peke yake. Omba jedwali lote la marejesho, mwezi wa 1 hadi wa mwisho, usome mstari wa mwezi wa 60.